Kipande Nilichodhani Nimekitunga

Nyie vijana mnaokuja hapa Mwankoko kila Jumamosi na magitaa mgongoni, nimewazoea, na mkipitisha wiki mbili bila kuonekana huwa nauliza watu kama mnaumwa. Lakini swali lenu limenichosha. Mzee Elia, vidole unaviwekaje? Navipeleka pale sauti ilipo, basi. Mnaupiga picha mkono wangu kwa simu, mnakwenda kuutazama siku nzima, halafu mnarudi mnapiga vilevile mlivyokuwa mnapiga. Leo nitawaambia kitu kinachohusu masikio zaidi ya vidole. Na hizo simu ziwekeni mfukoni.

Nilipiga gitaa la solo katika Alizeti Jazi kwa miaka kumi na mmoja. Wengi wenu bendi hiyo hamjaisikia. Waulizeni bibi na babu zenu, ila muwaulize kwa upole, maana wengine walioana kwa sababu yetu na wengine waliachana kwa sababu hiyohiyo. Ilikuwa bendi ya chama cha ushirika cha wakulima hapa Singida mjini. Ilianza uhuru ukiwa bado mchanga, ikaendelea mpaka watu walipohamia vijiji vya ujamaa. Vyombo vyote vilikuwa mali ya ushirika. Gitaa langu lilikuwa na namba ya rangi nyeupe kwa nyuma, sawa na mizani ya ghalani na viti vya ofisini, na mimi nililipenda kuliko watu wengine wanavyopenda vitu vyao wenyewe.

Kazi yetu ilikuwa kuburudisha na kuhamasisha, na hapo katikati mpaka haukujulikana uko wapi. Kijiji kikifunguliwa, tunaitwa. Alizeti ikivunwa, tunaitwa. Kuna mwenyekiti mmoja alitupokea asubuhi na chai, akatuuliza, "Ndugu wanamuziki, mna wimbo wa choo?" Tukamwambia hatuna. Akasema, "Basi tungeni, wageni wanafika saa nane." Saa nane na nusu tuliupiga. Sijawahi kuona watu wakicheza kama walivyoucheza ule wimbo wa choo, na mwenyekiti alikuwa mstari wa mbele na mke wake.

Umeme wetu ulikuwa betri ya trekta. Trekta likienda shambani, hakuna dansi. Likirudi, tunalivua betri injini ikiwa bado ya moto. Kwa hiyo tulipiga mchana, baada ya kazi au baada ya ibada, katika upepo wetu wa Singida unaojaza vumbi mpaka ndani ya masikio. Jua likizipiga nyuzi zinalegea, unazikaza; wingu likipita zinapoa, zinajikaza zenyewe, na wewe unaonekana hujui kazi. Nilijifunza kusimama ubavuni mwa spika, upande wa kivuli. Nyie mna vifaa vinavyowasha taa ya kijani sauti ikikaa sawa. Sawa, ila siku taa ikizimika mtanikumbuka.

Aliyenifundisha alikuwa Kaka Ramadhani, Mgogo wa Manyoni, kiongozi wa bendi na mpiga ridhim, yaani gitaa la kusindikiza. Gitaa alijifunzia stesheni akisubiri treni zilizochelewa, na kwa kuwa zilichelewa sana alijua nyimbo nyingi sana. Nilipofika kwake nikiwa na haraka ya kupiga solo, alinipa ridhim mwaka mzima. Nilinung'unika. Alikuwa na maneno machache na subira ya ng'ombe. "Elia," aliniambia, "mwimbaji akiwa anaimba, wewe nyamaza. Akivuta pumzi, sema neno moja. Akimaliza, ndipo uhutubie."

Sikumwelewa mpaka siku ya kwanza aliponipa solo. Ilikuwa Manyoni kwao, mbele ya wakwe zake. Nilihutubia toka mwanzo wa wimbo mpaka mwisho, mwimbaji akawa kama mtu anayeuza karanga karibu na mashine ya kukoboa. Watu walipoanza kucheka nikadhani wanafurahi, nikazidisha na mbwembwe za mabega. Wimbo ulipokwisha ndipo nikaona waya wa gitaa langu uko mkononi mwa Ramadhani, ameukunja vizuri. Alikuwa ameuchomoa toka ubeti wa pili. Gitaa la umeme bila waya linalia kama mbu, na mimi nilikuwa napiga ule mlio wangu wa mbu mbele ya mji mzima bila kutambua. Hakunigombeza. Alinirudishia waya, akasema, "Umepiga vizuri, hakuna aliyeumia."

Nyuzi zilikuwa taabu. Dukani hazikuwepo, na zikija zinakuja za besi tupu. Uzi mwembamba ukikatika tulichambua waya wa breki ya baiskeli, tukatoa unyuzi mmoja, tukaufunga. Unakata vidole lakini unalia. Nyuzi nene zikifa sauti, dawa yake ni kuzichemsha. Jasho na vumbi vinajaza mikunjo ya waya. Maji ya moto yanavitoa, uzi unafufuka kwa wiki mbili tatu. Kumbukeni kuzikausha kabisa, la sivyo zinashika kutu.

Sufuria niliyochemshia ilikuwa ya mama yangu. Siku moja alitoka shambani, akakuta maji yanatokota, yana rangi ya kahawia, akaona nimeanza supu. Akatia chumvi, akatia kitunguu, akaonja. Nilipoingia alikuwa ameshika kijiko, amenyoosha uzi wa nne juu, anautazama.

"Elia, hii ni nyama gani?"

"Hiyo ni sauti, mama."

"Ina haja ya kitunguu?"

Alicheka mpaka akakaa chini. Mama alikuwa mjane, mwembamba, mwepesi wa kucheka na mgumu wa kuomba. Alikuwa na kundi lake la akina mama wenzake hapa Mwankoko. Wakilima, wanalima pamoja, mmoja akijifungua wanakwenda wote, na kukiwa na msiba yeye alikuwa wa kwanza kufika na ungo wake kwapani, kwa sababu hakuna aliyepepeta mtama kama yeye. Ungo ule ulikuwa na heshima kuliko gitaa langu. Nawaambieni hili mapema ili mjue nilichokivunja.

Sasa sikilizeni kuhusu kutunga.

Mchana mmoja nilikuwa nimekaa ufukweni mwa ziwa Kindai nikisubiri shati langu la jukwaani likauke, kwa kuwa nilikuwa nalo moja. Gitaa lilikuwa mapajani. Mara kikanijia kipande. Hakikuja kwa kutafutatafuta kama vilivyokuja vingine. Kilikuja chenyewe, kinapanda taratibu, kinajirudia mara mbili, halafu kinashuka kama mtu anayemweka mtoto chini. Vidole vilikijua kabla yangu. Pale katikati kilikatika, nikaongezea mwendo wa rumba mpaka mwisho, nikaona nimemaliza kazi. Shati lilikuwa limekauka. Niliimba njia nzima kurudi.

Kama ningekuwa na akili ningeshtuka. Kitu kikikujia chote mara moja, vidole vikakipokea kama ndugu, jiulize kwanza umekutana nacho wapi. Mimi sikujiuliza. Nilijiona fundi.

Ramadhani alikipenda. Tulikitia katika wimbo wetu wa mchumba anayemshinda bwana wake kulima shamba la pamoja, kikakaa mahali pake pale mwimbaji anaponyamaza. Tulikwenda Iguguno tukakijaribu, Wanyiramba wakatutaka tukirudie mara tatu. Wiki mbili baadaye tukaenda Ihanja, kwa Wanyaturu wenzangu.

Ilikuwa Jumapili baada ya kanisa, kwenye uwanja wa ghala la ushirika. Watu walikuwa wengi, Wakristo na Waislamu, wazee na vijana, wanacheza vizuri. Mwimbaji akanyamaza, nikaingia na kipande changu. Sikumaliza hata mzunguko mmoja. Akina mama waliacha kucheza. Hawakukimbia wala hawakupiga kelele. Walisimama, wakafunga khanga zao vizuri, wakaanza kuondoka. Wasichana walioendelea kucheza walishikwa mkono na shangazi zao. Uwanjani wakabaki wanaume, wamenyoosha mikono, na mbele yao hakuna mtu. Mpiga saksofoni alitazama juu akidhani mvua inakuja.

Bibi mmoja ndiye aliyekuja upande wetu. Jina lake nililijua baadaye, Bibi Mariamu. Alikuwa mfupi, na akina mama wengine walimpisha njia. Nilimwamkia, "Shikamoo bibi."

"Marahaba. Hicho ulichokipiga umekitoa wapi?"

"Nimekitunga mwenyewe, bibi."

"Wewe mtoto wa nani?"

"Wa Mama Elia, wa Mwankoko."

"Pole yake," akasema, akaondoka.

Aliyenieleza ni dereva wa lori lililotubeba, Mnyaturu mwenzangu, mtu wa makamo. Alinivuta nyuma ya lori na kunisemesha kwa Kinyaturu, sauti ya chini, macho hayaniangalii. Kwetu kuna nyimbo za akina mama. Huziimba wao wenyewe, wamejifungia, na mwanaume hatakiwi kuzisikia hata kwa mbali. Sitazieleza hapa, kwanza kwa sababu sizijui, na pili hata ningezijua nisingewaeleza nyie mnaoweka kila kitu kwenye simu. Dereva mwenyewe hakujua kama kile kilikuwa mojawapo. Alijua tu kwamba akina mama wa Ihanja hawaachi dansi katikati bila sababu.

Hofu iliyonishika siku ile sikuwahi kuipata jukwaani. Nilijaribu kukumbuka nimekisikia wapi, na kadiri nilivyokumbuka ndivyo nilivyoona giza, joto, na mgongo wa mtu.

Nilipofika nyumbani sikuthubutu kumwambia mama. Sikuhitaji. Akina mama wa Ihanja huja mjini sokoni, na habari ilishatembea. Wiki ile kulikuwa na msiba jirani. Mama aliondoka alfajiri na ungo wake kwapani. Saa nne alikuwa amerudi. Ungo haukuwa na hata chembe ya pumba.

"Mbona mapema, mama?"

"Nimeambiwa nipumzike."

Mnaelewa maana yake? Msibani, mwanamke wa hapa haambiwi apumzike. Anayeambiwa apumzike ni mgeni. Walimtandikia mkeka, wakamwamkia vizuri, wakampa maji ya kunywa, na hakuna aliyempa mtama apepete. Alikaa juu ya mkeka ule kama mtu aliyetoka mkoa mwingine, mpaka akashindwa, akainuka.

Aliuning'iniza ungo wake ukutani na kukaa chini. Nikamuuliza, nikiwa nimesimama mlangoni kama mwizi.

"Mama, kile kipande. Ulikuwa unaniimbia?"

"Sikukuimbia wewe. Ulikuwa mgongoni. Ningekuweka wapi?"

"Waambie hivyo."

"Nimewaambia. Wanasema mtoto wa mgongoni hakumbuki. Wanasema ulifundishwa ukubwani, ili upate sifa kwenye dansi." Akautazama ungo ukutani. "Na mimi ningesema hivyohivyo, kama angekuwa mtoto wa mwingine."

Hakunilaumu hata kwa neno moja, na hilo ndilo lililonichoma. Nilikwenda nyuma ya nyumba nikalia, mtu mzima mwenye ndevu.

Ndipo ikaja barua. Watu wa redio walikuwa wanakuja Singida na gari lao la kurekodia, wanataka wimbo mmoja kwa kila bendi. Nyie leo mnajirekodi chumbani mkiwa mmevaa kaptula. Sisi gari lile lilikuwa kama harusi. Likipita limepita, na bendi isiyosikika redioni ilikuwa bendi ya mtaani tu. Ramadhani alikuwa amelisubiri miaka sita. Alikuja na ile barua akanikuta nimekaa bila gitaa.

Nilimweleza yote. Yeye ni Mgogo, lakini alielewa upesi kuliko nilivyotegemea. "Hata kwetu yapo," alisema. Kisha akakaa, akaikunja barua, akaikunjua. "Ila Elia, wimbo wetu ni ule. Bila hicho kipande ni wimbo kama nyimbo nyingine. Na Dar es Salaam nani atakijua?"

"Mama yangu haishi Dar es Salaam."

Alinigonga begani kwa ile barua, akaenda zake, na mpaka leo namheshimu kwa kutorudia lile neno.

Lakini kukiacha kipande peke yake hakukutosha. Ningenyamaza, watu wangesema mwanafunzi amenyamaza ila mwalimu bado yupo. Mama angekaa juu ya mkeka ule mpaka afe. Nikasikia kwamba Bibi Mariamu amekuja Mwankoko kumwona binti yake aliyeolewa hapa, nikaoga, nikavaa shati langu moja, nikaenda.

Nilimkuta anachambua mboga. Nilipiga magoti, nikamwamkia, nikamwambia mama hakunifundisha, kosa ni langu. Alichambua mboga yote kwanza.

"Unakijua chote?"

"Chote, bibi. Mpaka mwisho."

Hapo ndipo aliponitazama vizuri. "Mpaka mwisho," akasema polepole. "Kesho alasiri tutakuja kwa mama yako. Ukipige tukisikie."

"Bibi, gitaa langu lina kelele. Mtaa mzima utasikia."

"Basi hujui kupiga kwa adabu?"

Ndipo nikakumbuka ule mlio wangu wa mbu kule Manyoni. Nikamwambia ninajua.

Kesho yake walikuja watano, Bibi Mariamu na wanne wa hapa Mwankoko, wote wa kundi la mama. Walikaa nyuma ya nyumba, miguu wameinyoosha. Mama alikaa mbali kidogo, amenipa mgongo. Hata maji hakuwakaribisha, kwa kuwa hakujua kama wangeyapokea. Mimi nilikaa kwenye kinu kilicholazwa, gitaa la umeme mapajani, halina waya, halina spika. Ukiwa hatua tano unasikia. Ukiwa hatua kumi unaona mtu anajikuna. Wanaume wa nyumba za jirani walikuwa wameshapata safari zao bila kuambiwa na mtu.

Nilianza. Nawaambia ukweli, kipande hakikuwahi kuwa kizuri kama siku ile. Kilipanda, kikajirudia mara mbili. Nyuso zao hazikusogea. Mmoja alifumba macho. Kikashuka taratibu. Nikafika katikati, nikaingia rumba yangu kwa ushujaa wote, na vile vidoido nilivyovipenda.

Mmoja akaziba mdomo kwa khanga.

"Rudia hapo," alisema Bibi Mariamu.

Nikarudia. Wawili wakaanza kutikisika mabega.

"Hapo, hapo. Rudia tena."

Niliporudia mara ya tatu walikuwa wanacheka wote, wameshikana mikono, mmoja amelalia bega la mwenzake, machozi yanamtoka. Mimi sikujua kinachochekesha, nikaendelea, jambo lililozidi kuwachekesha. Mama aligeuka. Alisikiliza kidogo, naye akaweka kiganja mdomoni, na hapo nikajua nimepona.

"Huyu hakufundishwa," alisema Bibi Mariamu akijifuta macho. "Aliyefundishwa hawezi kupotea hapo, hapo ndipo wimbo wenyewe unapoanza. Huyu alisinzia. Mama Elia, huyu mtoto kila siku alikuwa anasinzia palepale!"

"Alikuwa na usingizi sana," mama alisema. "Hata kunyonya alikuwa anasinzia."

Wakacheka upya. Nilikuwa mpiga solo maarufu wa mkoa, na nilisimuliwa pale jinsi nilivyokuwa nikikojoa mgongoni. Niliona raha isiyo na kifani.

Kisha Bibi Mariamu aliacha kucheka. Aliniambia ile sehemu ya mwanzo niiache. Nisiipige dansini, nisiipige nyumbani, nisiifundishe mtu. Niliahidi, na ahadi hiyo nimeishika. Ndiyo maana mkinibembeleza hapa Jumamosi nawafukuza. "Huo mwisho ni wako," aliongeza. "Huo hata hatuutaki."

Walipoinuka, yule mama aliyekuwa amefumba macho alimgeukia mama yangu kana kwamba hakujawahi kutokea jambo. "Alhamisi tunatwanga kwa kina Sara. Njoo na ungo wako." Mama aliitikia tu, "Haya." Aliwasindikiza mpaka njiani, na alikaa huko muda mrefu.

Gari la redio lilikuwa linafika kesho kutwa. Mimi na Ramadhani tulikaa siku nzima tukitafuta kipande cha kujazia. Nilitunga vitano. Lakini vidole ni wakaidi. Ukivikataza mahali ndipo vinapokwenda. Kila nilichoanza kiligeuka kuwa kilekile. Mwishoni Ramadhani akaweka gitaa chini. "Pale acha wazi," akasema. "Mimi na ngoma za tumba tutakwenda. Wewe ingia kwenye rumba yako."

"Mizunguko minne mitupu? Watadhani nimezimia."

"Siku ya kwanza ulipiga karibu wimbo mzima hausikiki. Minne itakushinda?"

Tulirekodi katika ukumbi wa shule, tumetundika mablanketi madirishani kuzuia upepo. Kipaza sauti kilikuwa kimoja cha bendi nzima. Mwenye sauti kubwa anasimama mbali, mwenye ndogo karibu, na kila mtu anaingia mwenyewe kwa hatua zamu yake ikifika, bila viatu, maana sakafu ya mbao ililia. Hakukuwa na kukata na kubandika. Mmoja akikosea, wote mnaanza upya. Mwimbaji alinyamaza, zamu yangu ikafika, nikasogea mbele. Nikaweka mikono nyuma. Fundi wa redio alinitolea macho, akanifanyia ishara kwa mkono, piga, piga! Nikatikisa kichwa. Ridhim na tumba zilikwenda zenyewe, mzunguko wa kwanza, wa pili, wa tatu, wa nne. Kisha nikaingia na rumba yangu.

Fundi alisema pale katikati pametulia vizuri, nani kafikiria? Ramadhani akaninyooshea kidole, mchokozi yule.

Wimbo ulipigwa redioni miaka mingi. Haukuwa mkubwa kama tulivyoota, lakini ulitupeleka mikoa mitano, na Ramadhani aliusikia kwa masikio yake kwenye kipaza sauti cha stesheni ya Itigi, treni ikiwa imechelewa. Alikuja kunisimulia mara nyingi kuliko nilivyohitaji.

Redio ya kwanza nyumbani kwetu niliinunua mimi, na mama akawa anaiweka karibu na jiwe la kusagia. Mchana mmoja wa masika nilikuwa nimelala kitandani na mafua, yeye anachagua mbegu, wimbo wetu ukaanza. Tukasikiliza. Mwimbaji akanyamaza, ridhim na tumba zikabaki zenyewe, na katika nafasi ile iliyo wazi nikamsikia mama anaanza kuimba, chini kwa chini, kutoka pale mwanzo. Nadhani alisahau kwamba nimo ndani. Sauti ilikuwa ileile.

Rumba yangu ilipoingia redioni, yeye hakunyamaza. Aliipita. Alikuwa anakwenda pale mahali ambapo mimi sijawahi kufika nikiwa macho, na mwili wangu wote ulitaka kubaki kitandani usikie.

Nikainuka, nikatafuta kandambili.

"Unakwenda wapi na mafua yako?"

"Kuangalia mbuzi."

Hatukuwa na mbuzi mwaka ule, na alijua. Alinitazama, macho yamemjaa maji, akaniambia nikitoka nifunge mlango.